Unaitwa Wayua? Cheki Maana ya Jina Lako na Stori Nzito Iliyo Nyuma Yake

Mwaka jana siz yangu mdogo alifikisha miaka 18, akaenda kuchukua fomu ya kipande. Jioni akarudi keja amenuna. Alikuwa na swali moja tu: "Naeza toa hili jina la katikati?"

Hilo jina la katikati ni Wayua.

Alikuwa na sababu. Kwa shule yao ya upili huku Nairobi, kuna dem mwingine wa Ukambani alitoboa siri darasani: Wayua ni njaa. Ikawa hivyo miaka minne mizima. Kengele ya chakula cha mchana ikilia, "Njaa imefika." Akiomba kuongezewa madondo, "Njaa ina njaa." Ni mchongoano tu, lakini ukichongwa kila siku na kitu kimoja, mwishowe kinaingia kwa mfupa. Na si siz yangu pekee. Niko sure umewahi kutana na Precious W. ama Sharon W., na ukiuliza hiyo W ni ya nini, anabadilisha stori.

Mimi chuo niliachia njiani, kwa hivyo sijakuja hapa kukupea leksha. Lakini hilo swali lilinisumbua mpaka nikapanda mat ya Kitui kwenda Mutomo kumwona susu, mamake mbuyu. Wikendi iliyofuata nikaenda Makueni, pande za Kathonzweni, kwa watu wa mathee. Hii ndiyo stori nilirudi nayo.

Kwanza, ni njaa gani hiyo?

Hapa ndipo wale wa mchongoano walipotea njia. Kiswahili kina neno moja, njaa, na tunalitumia kwa kila kitu. Umeruka chai ya asubuhi, una njaa. Nchi imekosa chakula mwaka mzima, hiyo pia ni njaa.

Kikamba hakichanganyi hizo vitu mbili. Ile ya tumbo kunguruma saa saba mchana inaitwa nzaa. Nzaa unaimaliza kwa kibanda na chapo madondo, unapangusa mdomo, maisha yanaendelea.

Yũa ni kitu ingine kabisa. Yũa ni pale mvua imekosa msimu wa kwanza, ikakosa wa pili, ghala limebaki vumbi, ng'ombe wanaanguka mmoja mmoja, na hata yule jirani huwa unamwomba hana. Inaweza kuchukua mwaka, inaweza kuchukua miaka. Na watu wanaitumia kuhesabu maisha, vile sisi tunasema "kabla ya korona" na "baada ya korona".

Sasa chukua hilo neno, weka "wa" mbele yake. Wa yũa. Yaani wa wakati wa yũa. Ni mtindo ule ule wa Wambua, ambaye ni wa mbua, wa mvua. Na hiyo ũ yenye alama juu usiitamke kama u ya Kiswahili, iko katikati ya u na o. Ukiisema vizuri mbele ya mzee wa Mutomo, anakuongezea chai.

Kwa hivyo Wayua si mtu mwenye njaa. Ni mtoi aliyefika duniani wakati hakukuwa na kitu cha kumpokea nacho.

Wakamba hupeana majina aje?

Kwa mila, watoi wanne wa kwanza, wavulana wawili na wasichana wawili, majina yao yalikuwa yashapangwa hata kabla mama apate mimba. Mvulana wa kwanza anachukua jina la babake baba, wa pili la babake mama. Wasichana ni vile vile: wa kwanza anaitwa jina la mamake baba, wa pili la mamake mama. Baada ya hao wanne ndio mlango unafunguka, na mtoi anaweza kuitwa kulingana na kile kilikuwa kinaendelea akizaliwa.

Ndio maana ukisoma rejista ya darasa pale Kitui ama Wote, ni kama unasoma shajara ya mtaa mzima. Mutuku na Nduku walikuja usiku. Kioko alikuja asubuhi. Kyalo alipatikana safarini. Wambua na Mumbua, mvua ilikuwa inagonga. Musyoka ni aliyerudi, familia ilikuwa imepoteza mtu na huyu akaonekana kama ndiye huyo amerudi. Mutua alikawia sana kabla ya kufika. Makau ni wa wakati wa vita. Mcheki Profesa Makau Mutua, yule msomi wa sheria kutoka Kitui. Kwa majina mawili tu ushaambiwa vita na subira.

Na kuna majina yanashtua kuliko Wayua. Mama akipoteza watoi mfululizo, anayefuata angeweza kuitwa jina la mnyama. Mbiti ni fisi. Nzoka ni nyoka. Ngiti ni mbwa. Mpango ulikuwa kumpa mtoi jina ambalo kifo hakitalitamani, kipite na mlango wa jirani. Profesa John Mbiti alizaliwa Kitui mwaka 1931, na mwaka 1969 akatoa kitabu, African Religions and Philosophy, ambacho wasomi wa dini duniani wanakijua mpaka leo. Jina la fisi liko pale kwa jalada, na halijampunguzia heshima hata kidogo.

Huyo huyo Mbiti ndiye aliandika venye jina lilikuwa kitu kizito Ukambani. Mtoi hakupewa jina siku ya kuzaliwa. Siku ya tatu mbuzi anachinjwa, wanawake wanakuja, na ni hao wanawake wanampa jina. Siku inayofuata baba anamvisha mkufu. Kabla ya hapo mtoi alihesabiwa bado ni wa mizimu, hajafika vizuri. Jina ndilo lilimvusha akawa mtu.

Sasa hebu fikiria hiyo siku ya tatu ikiangukia katikati ya yũa. Mbuzi atatoka wapi? Wanawake wamekuja na matumbo matupu, mama hana maziwa, na kila mtu hapo anajua huenda huyu mtoi asimalize mwezi. Na bado wanakaa chini, wanampa jina. Wanasema huyu naye tunamhesabu.

Ukambani kila njaa ina jina lake

Kitu kilinishangaza zaidi ni hiki. Sisi huku mtaani tukisema ukame, tunasema tu ukame. Ukambani njaa kubwa zinaitwa kwa majina, kama watu.

Wakamba wamekimbizana na yũa tangu zamani. Ile ya mwaka 1836 iliwasukuma wengine mpaka pwani. Wamisionari walipofika pande za Rabai miaka ya 1840, walikuta Wakamba washakaa huko. Hata ile biashara ndefu ya Wakamba ya kwenda mbali na bidhaa ina mizizi kwa kitu kinaitwa kuthuua, safari za kwenda kutafuta chakula kwa watu wenye mvua.

Lakini ile mama yao zote inaitwa Ngomanisye. Ilianza kuuma mwishoni mwa miaka ya 1890, kali zaidi ikiwa 1898 na 1899. Maana yake ni kama kusema "iliyofika kila mahali". Haikuja peke yake. Mapema muongo huo sotoka ilikuwa imefagia ng'ombe, na ng'ombe ndio walikuwa benki. Nzige walikuwa wamepita. Halafu mvua ikakosa, na watu wakiwa washadhoofika, ndui ikaingia. Wakati huo huo reli ya Waingereza ilikuwa inakatiza Ukambani, pande za Kibwezi na Makindu, ikielekea Nairobi, ambako ilifika 1899. Misafara ya wazungu na vibarua wa reli pia walikuwa wanataka kudishi, kwa hivyo hata kile kidogo kilichobaki kiligombaniwa.

Kuna ile ya 1961, ambayo wazee wanaikumbuka kwa ndeke, yaani ndege. Ukame ulitangulia, halafu mvua ikaja kwa hasira, mafuriko yakakata barabara, chakula ikabidi kiangushwe kutoka angani.

Na kuna ya 1984, wakati wa Moi. Hiyo jina lake ni Nikw'a Ngwete, "nakufa nikiwa nimeshika". Umeshika nini? Pesa. Hii nilielezwa na susu wa Kathonzweni, mamake mathee. Waliuza mbuzi wao wote kwa bei ya kutupa, doo ikapatikana, lakini ukienda dukani mwenye duka anakuonyesha rafu tupu. Alikuwa amefunga noti kwa pembe ya leso, anatembea nazo kutoka soko moja hadi lingine, anarudi nazo vile vile. Mpaka gava ikaleta mahindi ya manjano kutoka ng'ambo. Susu ananiambia hadi leo akiona ugali wa manjano anageuza uso, hata kama ni wa hoteli kubwa.

Ukiskia hayo majina unaelewa kitu. Watu ambao hawakuwa na magazeti wala kalenda ya ukutani walihifadhi historia kwa njia mbili: waliipa njaa jina, na wakampa mtoi jina la njaa. Kwa hivyo Wayua alikuwa pia tarehe inayotembea.

Kwa nini ni jina la msichana?

Hapa stori inakuwa nzito kidogo, lakini skia.

Yũa inakula kila mtu, ila haigawi maumivu sawa. Wakati wa Ngomanisye, familia nyingi za Ukambani zilielekea nyanda za juu, kwa Wakikuyu na majirani wao, kutafuta chakula. Wengine hawakuwa na kitu cha kubadilishana, ng'ombe walikuwa washakufa. Wakaacha wasichana na wanawake kama rehani. Unampeleka binti, unapewa chakula cha kuokoa wale wengine, na mkataba ni kwamba mvua ikirudi utakuja kumkomboa. Kuna waliokombolewa. Kuna waliobaki huko, wakaolewa, wakazaa, na watoi wao wakakua wakiongea lugha nyingine.

Kwa hivyo msichana aliyezaliwa mwaka kama huo alikuwa kwa hatari mara mbili. Angekufa, ama angekuwa ndiye anayebadilishwa na kikapu cha chakula. Kumwita Wayua na kumweka nyumbani ilikuwa sawa na kusema: huu mwaka ulichukua mengi, huyu haukumchukua.

Na usidhani hizo ni za kale tu. Hata leo, mto ukikauka Kitui Kusini, nani anaamka saa kumi usiku na jerikeni? Karo ikikosekana, nani huambiwa akae nyumbani kwanza? Wewe unajua jibu.

Lakini siz yangu hakuzaliwa wakati wa njaa

Hii ndiyo ilinipeleka Mutomo. Siz alizaliwa Nairobi, hospitalini, mbuyu akiwa na kazi na friji ikiwa na maziwa. Yũa gani?

Alipewa jina la susu, juu yeye ni msichana wa kwanza kwetu. Hiyo najua. Kwa hivyo nikafikiri susu ndiye alizaliwa njaa. Nikamwuliza, "Susu, ulizaliwa yũa gani?"

Akacheka mpaka akashika mbavu. "Mimi? Nilizaliwa mvua ikinyesha mpaka paa likavuja juu ya mama. Mwaka huo watu walikula mpaka wakatupa."

"Sasa mbona Wayua?"

"Ni jina la susu wangu. Yeye ndiye wa Ngomanisye."

Kipande cha susu kinasema alizaliwa tarehe 1 Januari 1945, tarehe ambayo wazee wengi waliandikiwa tu ofisini. Tuseme ni hapo. Susu wake alizaliwa karibu 1899. Siz yangu ni wa 2006. Wayua watatu, zaidi ya miaka mia moja, wakipokezana hilo jina kama kijiti cha mbio, kila mara likiruka kizazi kimoja. Njaa ilikuwa moja tu, ile ya kwanza. Hao wengine wawili wamelibeba kwa niaba yake.

Nikauliza kama kuna picha yake. Hakuna. Kaburi? Liko mahali kwa shamba la zamani, hakuna anayejua vizuri ni wapi. Cheti cha kuzaliwa hata sikuuliza, mwaka 1899 nani angekiandika? Hatujui sura yake. Lakini ukipiga hesabu ya mila, kuna vitu jina linakuambia. Kama alipewa jina la tukio badala ya la nyanya, basi huenda mbele yake kulikuwa na dada wawili waliochukua yale ya nyanya. Kwa hivyo wazazi wake walikuwa na watoi wengine wa kulisha katikati ya Ngomanisye, na bado yeye akapona, akakua, akaolewa, akazaa mtu aliyemzaa susu. Hiyo yote imekaa ndani ya herufi tano.

Halafu nikaelewa kitu kingine cha nyumbani. Mathee hajawahi kumwita siz "Wayua", hata siku moja. Humwita "mwaitu", yaani mama yangu. Nilidhani ni mapenzi tu. Kumbe ni adabu. Kwa Wakamba mke hamwiti mama mkwe kwa jina lake, na kama mtoi amebeba hilo jina, unatafuta njia nyingine ya kumwita. Siz alikuwa anaskia jina lake shuleni tu, na kule lilikuwa mchongoano. Nyumbani lilikuwa na heshima kiasi kwamba halitajwi. Hakuna mtu aliwahi kumwelezea.

Si Wakamba pekee

Kama unafikiri hii ni maneno ya Ukambani tu, mwulize rafiki yako Mluo anayeitwa Akech ama Okech. Kech ni njaa. Ukienda Tanzania utapata Shida, Tabu, Mashaka na Masumbuko, watu wazima na kazi zao, hakuna anayeshtuka. Kila mtu kwa lugha yake aliandika siku mbaya kwa mtoi mpya, ndio siku hiyo isisahaulike na mtoi asidharauliwe.

Na sahii je?

Yũa haijastaafu. Septemba 2021 Rais Uhuru Kenyatta alitangaza ukame kuwa janga la kitaifa, na misimu iliyofuata mvua ikaendelea kukosa, Kitui na Makueni zikiwa ndani. Lakini ukitembea huko sasa utaona watu hawakai tu wakingoja mawingu. Kuna mabwawa ya mchanga kwenye mito ya msimu, ambapo ukuta unazuia mchanga na maji yanajificha chini yake miezi mingi baada ya mvua. Kuna ndengu za Kitui, zinazokomaa upesi kabla jua halijabadilisha nia. Kuna maembe ya Makueni, hayo mnakula mtaani mkidhani yametoka pwani. Anayeitwa Wayua ana haki ya kutembea katikati ya hivyo vyote kifua mbele.

Kama jina lako ni la Kikamba, ama la lugha yoyote, na hujui lilitoka wapi, piga simu ocha kabla ya kulifuta. Uliza vitu vitatu. Nilipewa jina la nani? Huyo naye alipewa la nani? Na wa kwanza kabisa, siku anazaliwa, kulikuwa na nini? Uliza sahii, juu wenye majibu wana miaka themanini na kitu na hawatungoji.

Siz nilimwambia yote hayo tukiwa tumekaa kwa ngazi za ploti, fomu bado iko kwa begi. Nilimwambia pia kwamba kubadilisha jina si kufuta tu kwa kalamu, kuna hati ya wakili na tangazo kwa gazeti rasmi la serikali, na hiyo ni doo. Akanyamaza muda. Halafu akauliza, "Huyo wa kwanza, alikuwa na miaka mingapi akifa?"

Hatujui, nikamwambia. Lakini alizeeka vya kutosha susu kumkumbuka akisaga mtama.

Kipande kilitoka mwezi wa tatu. Jina la katikati liko pale, herufi kubwa. Picha ndiyo mbaya, lakini hiyo ni ya Wakenya wote.